UZI: Qiu Jin, mwanamapinduzi wa China aliyekatwa kichwa 1907, na marafiki wawili waliokataa asahaulike

#1 – Mleta uzi

Wakuu, habari za jioni.

Ukitafuta picha za Qiu Jin utakutana na moja kavaa kimono ya Kijapani, kashika jambia, anakutazama kama anakudai. Nyingine kavaa suti ya kiume ya Kizungu, kofia kichwani na fimbo mkononi. Picha hizo ndizo zilizompa umaarufu, na ndizo zinazofanya wengi wamwelewe nusu nusu. Kila anayemwandika huanza na upanga. Mimi nabisha. Kwenye vita huyu mama alishindwa vibaya, mpango wake ulisambaratishwa kabla ya siku yenyewe kufika. Kilichoitikisa serikali ni karatasi: aliyoyaandika yeye, magazeti yaliyoandika baada ya kifo chake, na ubishi wa wanawake wawili waliokuwa marafiki zake. Nitaeleza kwa nini nasema hivyo.

Utoto wake tuupite haraka. Alizaliwa 1875 huko Xiamen, kusini mwa China, kwenye familia ya maofisa wa serikali ambao kwao hasa ni Shaoxing, mkoa wa Zhejiang. Alisomeshwa nyumbani, akajua ushairi mapema, akajifunza kupanda farasi na kucheza na upanga. Pombe pia alikuwa haiogopi, na mashairi yake hayafichi hilo. Pamoja na elimu yote hiyo, miguu yake ilifungwa kama ya mabinti wenzake. Kwa asiyejua: mtoto wa kike wa miaka mitano au sita alikuwa anafungwa vitambaa, vidole vinne vinakunjwa chini ya wayo, vinakazwa miaka na miaka mpaka mifupa ivunjike na mguu ubaki mdogo. Anayefunga kwa kawaida ni mama yake mzazi, kwa sababu bila miguu midogo mume wa maana hapatikani.

1896 akaozwa kwa Wang Tingjun, kijana wa familia ya matajiri wa Xiangtan, mkoa wa Hunan. Hakuulizwa. Wakapata watoto wawili, wa kiume 1897 na wa kike 1901. Kisha mume akanunua cheo serikalini, wakahamia Beijing. Msishangae neno kununua: chini ya utawala wa Qing vyeo vingine viliuzwa kihalali, na hazina ya serikali ilitegemea mapato hayo.

Beijing ndiko mambo yalikoharibika, au yalikotengenea, kila mtu na jicho lake. Mji ulikuwa bado na makovu ya mwaka 1900, majeshi ya mataifa manane yalipouvamia. China ilikuwa imetwishwa fidia ya tael milioni 450 za fedha (tael ni kipimo cha uzito wa fedha), ilipwe kwa miaka 39. Watawala wenyewe wa Qing, Wamanchu, walikuwa wachache juu ya Wahan walio wengi, na kila mwanamume wa Kihan alilazimika kunyoa mbele ya kichwa na kusuka mkia mrefu nyuma kuonyesha utii. Mtu aliyesoma historia ya kwao akiangalia hayo, damu lazima ichemke.

Jirani yake mmoja alikuwa Wu Zhiying. Lishikeni jina hili. Huyu alikuwa bingwa wa maandishi ya kalamu ya brashi, jina lake lilijulikana, na nyumbani kwake kulikuwa na vitabu na magazeti mapya ya wapenda mageuzi. Qiu Jin akawa hatoki huko. 1904 wawili hao wakaandikiana hati ya udugu, wakawa ndugu wa kiapo. Inasimuliwa kwamba siku moja Qiu Jin alivaa nguo za kiume akaenda kuangalia maigizo, mahali ambapo mke wa ofisa hakutakiwa kuonekana. Mume akampiga. Yeye akabeba vitu vyake akaenda kukaa nyumba ya wageni.

Kipindi hicho ndipo alipoandika shairi lenye maneno ambayo Wachina wengi wanayajua mpaka leo. Kwa Kiswahili changu: mwili wangu haukubaliwi kupanga safu na wanaume, ila moyo wangu ni mkali kuliko wao.

Kiangazi cha 1904 aliuza mapambo yake, akaacha mume na watoto, akapanda meli kwenda Japani.

Naendelea kesho, umeme huku kwetu hauaminiki.

#2

Nimeshavuta kiti. Endelea mkuu.

#3

Huyu si ndiye aliyekuwa mke wa Mao? Au nachanganya.

#4 – Mleta uzi

Unachanganya mkuu, ila hauko mbali sana. Qiu Jin alipouawa, Mao alikuwa mtoto wa miaka 13. Chama cha Kikomunisti kilianzishwa 1921, miaka 14 baadaye. Kinachowakutanisha ni mahali: ukweni kwa Qiu Jin ni Xiangtan, na Mao alizaliwa Shaoshan, wilaya hiyohiyo ya Xiangtan.

Tuendelee na Japani.

Tokyo miaka hiyo ilikuwa imejaa maelfu ya wanafunzi wa Kichina. Japani ilikuwa karibu, gharama ndogo, halafu ilikuwa imejenga jeshi na shule za kisasa kwa muda mfupi, kila mtu akitaka kujua siri yake. Qiu Jin akafungua vile vitambaa vya miguu. Akajiunga na shule ya wasichana ya Jissen, iliyokuwa inapokea Wachina. Shule yenyewe ililenga kutengeneza wake wema na mama wenye busara, jambo ambalo nadhani lilimchosha mapema. Muda wake mwingi ulikwenda kwenye mikutano, kulenga shabaha, na kujifunza kutengeneza mabomu kule Yokohama. 1905 akaingia kwenye Guangfuhui, chama cha siri cha watu wa Zhejiang, na mwaka huohuo kwenye Tongmenghui, muungano wa wanamapinduzi chini ya kiongozi wao Sun Yat-sen.

Ila ninachotaka mkione ni gazeti. Mwaka 1904 alishiriki kuanzisha jarida lililoandikwa kwa Kichina cha mazungumzo ya kawaida. Maandishi rasmi ya China wakati huo yalitumia lugha ya kale ambayo mtu alihitaji miaka mingi darasani kuielewa. Sasa mwanamke aliyenyimwa darasa utamfikiaje kwa lugha hiyo? Humo ndimo alimotoa waraka wake kwa wanawake milioni 200 wa China. Ukiusoma unamsikia kabisa akiongea. Anaanza na mtoto wa kike anavyozaliwa: bahati ikiwa mbaya baba ni mtu wa hasira, anaanza kufoka kwamba kazaliwa mwingine asiye na faida. Anapita kwenye vitambaa vya miguu, kwenye ndoa iliyopangwa na watu wasiomuuliza bibi harusi, kwenye mume akifa mke avae msiba miaka, mke akifa mume aendelee na maisha. Kisha anawageukia wanawake wenyewe: kwa nini tulikubali? Walisema elimu si yetu, nasi tukanyamaza. Hapo ndipo ninapomheshimu. Alilaumu wanaume, lakini hakuwapa wanawake nafasi ya kukaa na kulia tu.

Alikuwa pia anatunga masimulizi marefu ya kuimbwa, yale ambayo wanawake wa Kichina walizoea kusomeana majumbani, mtindo wenye undugu na tenzi zetu. Kichwa chake ni mawe ya ndege Jingwei, kutokana na hadithi ya kale ya msichana aliyezama baharini akageuka ndege, akawa anabeba mawe madogo kwa mdomo ili aifukie bahari. Ndani yake mabinti wa familia nzuri wanatoroka kwenda kusoma Japani. Hakuumaliza.

Mwishoni mwa 1905 serikali ya Japani ikatoa kanuni za kuwabana wanafunzi wa Kichina. Wanafunzi wakagawanyika: turudi nyumbani au tubaki? Mmoja wao, Chen Tianhua, alijitosa baharini Desemba 8 akafa kwa kupinga. Qiu Jin alikuwa upande wa kurudi. Inasimuliwa kwamba mkutanoni alichomoa jambia akalichoma kwenye meza ya wasemaji, akawaonya watakaorudi kuwauza wenzao. Wenzake wakampigia makofi. Mwandishi Lu Xun, ambaye naye ni mtoto wa Shaoxing na alikuwa mwanafunzi Japani wakati uleule, aliandika zaidi ya miaka 20 baadaye kwamba dada Qiu aliuawa na makofi yale. Kwa maoni yangu hakuna aliyewahi kusema neno zito zaidi kuhusu maisha yake.

#5

Hapo kwenye makofi umenigusa. Watu wanakushangilia huku wenyewe wamekaa.

#6

Mimi nina swali, na msinishambulie. Mama mwenye watoto wawili, mmoja ana miaka saba na mwingine mitatu, anawaacha anakwenda kujifunza mabomu. Tunamsifia nini hapa? Kulea nako si mapinduzi?

#7

Mkuu #6, naomba nikujibu kama mwanamke. Kwenye uzi huu kuna wanaume wangapi watatajwa walioacha familia? Sun Yat-sen alizunguka dunia miaka 16, watoto wake walilelewa na nani? Hakuna aliyeuliza.

#8 – Mleta uzi

#6 swali lako halali, na dada #7 amejibu sehemu yake. Nitaongeza mtu mwingine: Xu Xilin, ambaye anaingia sasa hivi kwenye simulizi, alikuwa na mke na mtoto. Sijawahi kuona makala inayomhukumu kwa hilo.

Hata hivyo sitaki kulifuta swali. Watoto wale walibaki kwenye nyumba ya matajiri, hawakulala njaa, ila mama hawakuwa naye. Barua alizomwandikia kaka yake kutoka Japani zina hasira kali dhidi ya mume, za mtu aliyekwishaamua kwamba ndoa imekwisha. Kuwachukua asingeweza, kwa sababu kwa sheria na mila ya wakati ule watoto ni wa ukoo wa baba. Kwa hiyo chaguo alilokuwa nalo lilikuwa kubaki nao ndani ya ndoa ile au kuondoka bila wao. La tatu halikuwapo. Unaweza kumlaumu, ila mlaumu kwa chaguo alilokuwa nalo kweli.

Mwisho wa binti yake nitausema baadaye, una kitu.

#9 – Mleta uzi

Sehemu ya tatu. Hii ndiyo yenyewe.

Karudi China mapema 1906. Akapata kazi ya kufundisha shule ya wasichana ya Xunxi, mji wa Nanxun. Mkuu wa shule alikuwa mjane mshairi aitwaye Xu Zihua. Hili ni jina la pili la kushika. Hakufundisha hapo muda mrefu, wenye shule walishtushwa na mafundisho yake, lakini urafiki wa wale wawili haukuvunjika.

Januari 1907 akatoa Shanghai gazeti la wanawake wa China. Aliita watu wanunue hisa ili upatikane mtaji wa yuan 10,000. Walionunua walikuwa wachache mno, mwenyewe akalalamika kwenye kurasa zake. Yakatoka matoleo mawili tu. Toleo la tatu lilikuwa linaandaliwa alipokufa. Wapo wanaosema hapo ndipo alipokata tamaa na kalamu akageukia bunduki. Sikubaliani nao, kwa sababu mabomu aliyajua tangu Yokohama na aliendelea kuandika mpaka wiki za mwisho. Vyote viwili vilikwenda pamoja.

Mwanzoni mwa 1907 akapewa uongozi wa shule ya Datong, Shaoxing. Kwenye makaratasi ilikuwa shule ya kufundisha walimu wa mazoezi ya viungo. Kwa hakika ilikuwa kambi: vijana wa vyama vya siri vya vijijini waliletwa hapo kujifunza gwaride na bunduki, na bunduki zenyewe zilinunuliwa wazi kwa kibali cha serikali kwa sababu mazoezi ya kijeshi shuleni yalikuwa sera halali. Aliyeianzisha, 1905, ni huyo Xu Xilin pamoja na wenzake. Qiu Jin akayapanga makundi ya siri ya Zhejiang kuwa jeshi lenye vikosi vinane, kila kikosi kikiitwa kwa herufi moja ya kaulimbiu yao ya kurudisha nchi mikononi mwa Wahan na kuinua nguvu ya taifa.

Wazee wa Shaoxing walikuwa hawamtaki. Mwanamke juu ya farasi, kanzu ya kiume, anapita mjini mchana! Huyu alikuwa anaendesha njama ya kuangusha serikali huku kila mtu mjini anamtazama. Wenye kupenda simulizi za kijasusi mtaumia hapa: kwa usiri, Qiu Jin alikuwa dhaifu kweli.

Fedha nazo zilikuwa tabu. Xu Zihua akatoa mapambo yake yote ya dhahabu kuchangia. Qiu Jin akavua bangili zake mbili za jiwe la kijani akampa ziwe ukumbusho. Masika hayo wawili hao walikwenda Ziwa Magharibi, Hangzhou, wakasimama kwenye kaburi la Yue Fei, jemadari wa karne ya 12 aliyeuawa na serikali yake mwenyewe kwa kusingiziwa. Hapo wakakubaliana kwamba Qiu Jin akifa azikwe karibu na hapo, penye daraja la Xiling.

Sasa Xu Xilin. Huyu alinunua cheo (tena kununua) akapangiwa mkoa wa Anhui, akapata nafasi kwenye chuo cha polisi mjini Anqing. Mpango ulikuwa Anqing na Zhejiang ziwake pamoja. Tarehe zikasogezwa mara kadhaa, Qiu Jin akaweka Julai 19. Lakini gavana wa Anhui, Mmanchu aitwaye Enming, akataka sherehe ya kuhitimu polisi ifanyike mapema, Julai 6. Xu Xilin akaona akisubiri atakamatwa. Siku hiyo akampiga Enming risasi mbele ya gwaride. Mapigano ya saa chache, akakamatwa, akauawa upesi, na moyo wake ukatolewa kama kafara kwa gavana aliyekufa.

Habari zikafika Shaoxing kwa magazeti ya Shanghai. Qiu Jin alikuwa na siku kadhaa za kukimbia, na watu walimsihi akimbie. Akawaondoa wanafunzi wengi, akaficha silaha, akabaki. Julai 13 askari wakaizingira shule wakamkamata.

Sikilizeni kesi sasa. Mkuu wa wilaya ya Shanyin, Li Zhongyue, ndiye aliyemhoji mwanzo, kwa heshima, akampa brashi na karatasi aandike maelezo. Akaandika jina la ukoo wake, Qiu, ambalo maana yake ni vuli. Alipohimizwa aendelee akaandika mstari mmoja wa herufi saba: mvua ya vuli, upepo wa vuli, vinaua mtu kwa huzuni. Basi. Mkuu wa mji, Guifu, Mmanchu, akaagiza ateswe. Hakukiri, hakutaja mtu. Kwa sheria ya Qing yenyewe hukumu ya kifo ilihitaji kukiri kwa mshtakiwa. Gavana wa Zhejiang, Zhang Zengyang, akatuma telegramu: auawe.

Alfajiri ya Julai 15, 1907, kwenye njia panda ya Xuanting katikati ya Shaoxing, akakatwa kichwa. Alikuwa na miaka 31. Inasimuliwa kwamba aliomba aandike barua kwa ndugu zake, asivuliwe nguo, na kichwa chake kisitundikwe. Li Zhongyue akakubali mawili ya mwisho. Alifukuzwa kazi kwa ulegevu, na miezi michache baadaye akajinyonga.

#10

Duh. Hakimu ndiye aliyejinyonga?

#11 – Mleta uzi

Ndiyo. Na hapa ndipo ninaporudi kwenye karatasi.

Serikali ilikuwa imetangaza mwaka mmoja kabla, Septemba 1906, kwamba inaiandaa nchi kuwa na katiba. Magazeti ya Shanghai yakaikamata kwa maneno yake: katiba gani hii, ya kumkata mtu kichwa bila kukiri, bila kesi ya wazi, siku mbili baada ya kukamatwa? Shanghai ilikuwa na maeneo yaliyo chini ya mataifa ya nje, wahariri wakapumua kidogo. Wengi wao hawakuwa wanamapinduzi hata kidogo. Baadhi waliamini kabisa kwamba Qiu Jin hakuwa na njama yoyote, ni mwalimu wa wasichana aliyesingiziwa. Ni kichekesho cha machungu: njama alikuwa nayo kweli, na ilikuwa kubwa. Lakini serikali iliharakisha kuua kiasi kwamba hata ukweli wake yenyewe haukuaminika.

Kelele zikawa nyingi. Guifu akaondolewa Shaoxing. Gavana Zhang Zengyang akahamishiwa Jiangsu, watu wa Jiangsu wakakataa hadharani kumpokea. Akapelekwa Shanxi. Gavana mzima anakataliwa na mikoa kwa ajili ya mwanamke mmoja wa miguu iliyofunguliwa! Hilo vikosi vinane visingeliweza.

Na maiti? Ndugu zake walikuwa wamekimbia kuogopa. Shirika la misaada la mjini likaiweka kwenye jeneza jepesi, likalilaza kilimani. Baridi ya mwaka huo Xu Zihua akaja kutimiza ahadi. Wu Zhiying akashirikiana naye, ardhi ikanunuliwa karibu na daraja la Xiling, na mwanzoni mwa 1908 wakamzika Ziwa Magharibi. Maandishi ya jiwe la kaburi yakaandikwa kwa mkono wa Wu Zhiying. Watu mamia wakahudhuria maombolezo.

Ofisa mmoja akapita, akaliona kaburi, akaandika malalamiko kwa mfalme: livunjwe, na wale wanawake wawili wakamatwe. Wu Zhiying, ambaye alikuwa mgonjwa, hakujificha. Akajibu kwa maandishi kwamba aliyezika ni yeye, alizika rafiki, na kama ni kosa basi achukuliwe. Serikali ikaona ikimkamata bingwa wa kalamu anayejulikana na wageni pia, magazeti yataanza upya. Ikaishia kulivunja kaburi tu. Jeneza likarudi Shaoxing mwishoni mwa 1908, mwaka uliofuata likapelekwa Hunan, likawekwa pamoja na mume aliyemkimbia, ambaye naye alifariki 1909. Nadhani hakuna aliyemdhulumu zaidi ya hapo.

Oktoba 10, 1911 mapinduzi yakawaka mji wa Wuchang, na miezi michache baadaye Qing haipo. Mifupa ikatolewa Hunan, ikarudishwa Ziwa Magharibi. Desemba 1912 Sun Yat-sen mwenyewe akaenda kutoa heshima. 1964 serikali mpya ikayaondoa makaburi ya ziwani, lake likaondoka nayo, likarudishwa, likaondolewa tena. 1981 ndipo alipozikwa kwa mara ya mwisho, palepale Xiling, na sanamu nyeupe juu ameshika upanga. Upanga tena!

#12

Chou En-lai si naye wa Shaoxing? Nimewahi kusoma mahali.

#13 – Mleta uzi

Ukoo wake ni wa Shaoxing, ndiyo. Huyuhuyu waziri mkuu wa China aliyekuja Dar Juni 1965. Mwaka 1939 alipita Shaoxing, akamwandikia binti wa ukoo wake maneno ya kumhimiza asiusahau mwenendo wa Qiu Jin. Kwa hiyo wote wawili, wafuasi wa Sun na wakomunisti, wanamdai ni wao, ingawa alikufa kabla ugomvi wao haujazaliwa.

Na lile nililoahidi kuhusu binti. Wang Canzhi alikua akijua mama yake ni nani kwa kusimuliwa. Xu Zihua alimpa zile bangili mbili. Baadaye alikwenda Marekani kusomea mambo ya ndege, akarudi kufundisha, na ndiye aliyekusanya na kuchapisha maandishi ya mama yake. #6, sisemi kwamba hilo linajibu swali lako.

#14

Waliomchoma kwa serikali walipatikana?

#15 – Mleta uzi

Aliyetuhumiwa ni Hu Daonan, mmoja wa wakubwa wa Shaoxing. 1910 aliuawa na Wang Jinfa, aliyekuwa kamanda kwenye vikosi vya Qiu Jin. 1911 Wang Jinfa huyo akawa mtawala wa Shaoxing. Akamkamata tajiri mwingine, Zhang Jiemei, aliyetajwa kwenye mambo ya kumwangamiza Qiu Jin na kaburi lake. Kisha akamsamehe, yaliyopita yamepita. 1915, mapinduzi yalipogeuzwa na Yuan Shikai, jenerali aliyekuwa rais, Wang Jinfa akapigwa risasi Hangzhou, na Zhang Jiemei alikuwa na mkono wake humo. Lu Xun alikuwa na uchungu na jambo hili mpaka miaka ya 20, akilitumia kuwajibu waliohubiri kwamba adui aliyeanguka maji asipigwe.

#16

Na wanawake walipata nini jamhuri ilipokuja? Maana wote hao walikuwa wanamapinduzi.

#17 – Mleta uzi

Walipata katiba ya muda ya Machi 1912, iliyosema raia wote ni sawa bila kujali kabila, tabaka wala dini. Jinsia haikutajwa. Tang Qunying, rafiki wa Qiu Jin tangu Hunan, akaingia na wenzake kwenye bunge la Nanjing kwa nguvu, vioo vikavunjwa. Agosti mwaka huo, chama cha Sun kilipoungana na vyama vingine Beijing na kufuta kipengele cha usawa wa wanawake ili kuwapata washirika, Tang alipanda jukwaani akamzaba kibao Song Jiaoren, aliyekuwa mpangaji mkuu wa muungano ule, ukumbi mzima ukiangalia. Azimio halikubadilika. Huyo mama anastahili uzi wake peke yake.